Boma Kwanza, Mwalimu Baadaye

Mwaka 1977, nikiwa darasa la nne katika shule ya msingi kwenye safu za Uporoto, mkoani Mbeya, tuliletewa mwalimu ambaye sote tulimfahamu. Miaka miwili kabla ya hapo alikuwa mwanafunzi wa darasa la saba katika kijiji cha jirani, na baadhi yetu tulikuwa tumemwona akichunga ng'ombe wa babu yake bondeni. Sasa alisimama mbele yetu na chaki mkononi, amevaa koti lililomzidi mabega. Asubuhi alitufundisha sisi. Alasiri alikwenda kwa mratibu kufundishwa yeye. Usiku alikwenda kwenye nyumba iliyokuwa na redio, akasikiliza masomo ya ualimu na kuyaandika kwenye daftari lake. Watu wazima walimwita "mwalimu wa UPE", yaani wa ule mpango wa elimu ya msingi kwa wote, na namna walivyolitamka jina hilo ilitosha kutuonyesha kwamba halikuwa la heshima.

Nilistaafu ualimu mwaka 2025, baada ya miaka 38 kazini. Katika muda huo nimetekeleza sera nyingi za elimu, nyingine kabla sijaona nakala yake, na kuna jambo moja lililojirudia katika kila mojawapo. Kwetu huku kuta zilizofika usawa wa linta bila paa tunaziita boma. Nimeona nchi ikijenga boma kwanza na kumtafuta mwalimu baadaye, nami naamini kwamba muda unaopita kati ya siku ya boma na siku ya mwalimu ndio unaoamua taifa litakuwa na wafanyakazi wa namna gani miaka 20 mbele.

Azimio la Musoma la chama tawala, TANU, la Novemba 1974 ndilo lililomleta yule kijana darasani kwetu. Mpango wa awali ulikuwa kwamba watoto wote wa Tanzania wenye umri wa kwenda shule wawe wameandikishwa ifikapo mwaka 1989. Musoma iliivuta tarehe hiyo hadi 1977. Kikao kimoja kilifuta miaka 12, na miaka hiyo ndiyo ambayo vyuo vya ualimu vingeitumia kuandaa walimu. Kwa kuwa haikuwezekana kuvijaza vyuo kwa kasi hiyo, maelfu ya vijana waliomaliza darasa la saba walifundishwa ualimu huku wakifundisha, vijijini kwao, kwa miaka mitatu.

Sitaki kuungana na wale wanaoidharau UPE, kwa sababu mimi ni zao lake. Yule kijana wa koti kubwa alinifundisha kugawanya kwa njia ndefu, na hadi leo sijapata kukutana na mtu aliyeieleza vizuri kuliko yeye. Mama yangu naye alijifunza kusoma katika kisomo cha watu wazima, kwenye baraza la kanisa, jioni tatu kwa wiki, akiwa na mdogo wangu mgongoni. Kulingana na sensa ya mwaka 1967, theluthi mbili hivi ya watu wazima nchini hawakujua kusoma wala kuandika; ilipofika mwaka 1986, takwimu za Serikali zilionyesha kwamba waliosalia hawafiki asilimia 10. Hata mtu akitilia shaka ubora wa usomaji huo, mimi niliona kwa macho yangu ulivyofanya kazi nyumbani. Kabla ya kisomo, mnunuzi wa viazi alikuwa akija na magunia yake ya lumbesa, yale yanayoshonewa kipande cha juu hadi gunia linakuwa gunia na nusu, naye ndiye aliyehesabu na ndiye aliyelipa. Baada ya kisomo mama alinunua daftari, akawa anaandika idadi ya ndoo zilizoingia katika kila gunia. Lumbesa haikuisha, na haijaisha hadi leo, lakini mnunuzi alianza kubishana naye kwa hesabu badala ya kwa sauti. Wachumi huyaita maendeleo kwa majina makubwa. Mimi nilianza kuyafahamu pale, kwenye daftari la kurasa 32 lililonukia moshi.

Gharama yake ilijitokeza baadaye. Sera ya Elimu ya Kujitegemea ya mwaka 1967 ilikuwa imesema kwamba elimu ya msingi ijitosheleze yenyewe, isiwe ngazi tu ya kumpeleka mtoto sekondari, na kwa sababu hiyo nafasi za sekondari ziliachwa kuwa chache. Katika darasa letu la saba la mwaka 1980 tulichaguliwa wawili. Waliobaki walirudi mashambani, na shamba lenyewe lilikuwa lilelile la baba zao, jembe lilelile, na bei ya pareto ikiwa imeshuka. Niliyafikiria sana maneno yale ya kujitosheleza nilipokuwa bweni huko Iringa, nikila ugali wa njano, huku nikijua kwamba mwenzangu aliyekuwa akinizidi katika kila somo alikuwa akikata miti ya mkaa.

Nilipomaliza chuo cha ualimu na kuanza kazi mwaka 1987, nchi ilikuwa imekwisha kukubaliana na Shirika la Fedha la Kimataifa kuhusu kubana matumizi, na wazazi walianza kuchangia tena kile walichokuwa wamezoea kupewa. Uandikishaji wa shule za msingi, uliokuwa umekaribia asilimia 98 mwanzoni mwa miaka ya 1980, ulishuka hadi chini ya asilimia 80 mwishoni mwa miaka ya 1990. Darasani kwangu haukushuka kwa asilimia. Ulishuka kwa majina: huyu yuko kwenye mashamba ya chai Rungwe, yule amekwenda Dar es Salaam kufanya kazi za ndani, yule wa tatu hakuna anayejua. Mshahara ulichelewa, nasi walimu tulilima viazi saa za kazi, jambo ambalo siwezi kulisema kwa fahari.

Mwaka 1996 nilikwenda Karonga kumzika shangazi yangu, aliyekuwa ameolewa huko kwa Wangonde, ambao ni ndugu zetu kwa lugha na kwa damu ingawa mto Songwe umetugawa kuwa Watanzania na Wamalawi. Binamu yangu alikuwa mwalimu. Malawi ilikuwa imefuta ada ya shule za msingi mwaka 1994, mara baada ya uchaguzi wa vyama vingi, na idadi ya wanafunzi ilipanda kutoka takriban milioni 1.9 hadi karibu milioni 3 katika mwaka mmoja. Serikali iliajiri kwa haraka walimu wapatao 20,000 ambao hawakuwa na mafunzo, ikawapa semina ya muda mfupi na kuwasambaza. Binamu alinipeleka kuiona shule yake. Watoto walikuwa wamekaa chini ya miembe kwa makundi, na kila kundi lilikuwa kubwa kuliko shule niliyoanza nayo mimi. Alinionyesha mwenzake mmoja, kijana mwembamba, akaniambia kwa sauti ya chini kwamba alitoka kidato cha pili moja kwa moja hadi ubaoni. Nilimtazama kijana yule na nikamwona mwalimu wangu wa koti kubwa. Kwetu UPE ilikuwa na umri wa karibu miaka 20 tayari, na somo lake lilikuwa wazi kwa yeyote ambaye angevuka daraja la Kasumulu kuja kuliuliza. Hakuna aliyeuliza, na baadaye sisi wenyewe hatukujiuliza.

Mpango wa Maendeleo ya Elimu ya Msingi, tuliouita MMEM, ulifuta ada za shule za msingi na kuanza kutekelezwa mwaka 2002. Wanafunzi wa shule za msingi nchini walikuwa takriban milioni 4.4 mwaka 2000. Mwaka 2005 walikuwa milioni 7.5. Wimbi hilo lilipofika darasa la saba lilitaka mahali pa kwenda, na ndipo agizo likatolewa kwamba kila kata iwe na sekondari yake.

Sijapata kuona kijiji kikifanya kazi kama mwaka ule. Wanaume walibeba mawe kutoka mtoni, wanawake walibeba mchanga na maji, na kila kaya iliandikiwa tofali zake. Asiyetoa alifuatwa na mgambo wa kata, naye aliweza kupoteza mbuzi; hilo nalo ni la kweli, na katika hotuba za ufunguzi halikutajwa. Vyumba viwili viliezekwa, vingine vinne vikabaki maboma, na shule ikafunguliwa. Mimi, mwenye stashahada ya Kiswahili na historia niliyoipata kwa kujiendeleza, nilihamishwa kutoka shule ya msingi kwenda kufundisha huko.

Tulikuwa walimu wanne kwa wanafunzi zaidi ya 300. Wawili kati yetu walikuwa vijana waliotoka kidato cha sita na kupewa mafunzo ya wiki chache. Wanafunzi, ambao hawakosi jina la kumpa mtu, waliwaita "voda fasta", kama vocha ya simu inayokwanguliwa na kutumika papo hapo. Hatukuwa na mwalimu wa hisabati kwa miaka miwili. Nilijitolea. Jioni nilisoma sura moja ya kitabu kwa taa ya chemli, asubuhi nikaifundisha, na mwanafunzi aliyeuliza swali la ukurasa wa mbele nilimwambia tutafika huko. Kulikuwa na msichana wa kidato cha tatu aliyeligundua jambo hili. Hakunisema, alianza tu kuuliza maswali ya ukurasa ule niliokuwa nimeufikia, na siku hizo darasa lilikwenda vizuri.

Kisha kulikuwa na suala la lugha. Mtoto aliyesoma miaka saba kwa Kiswahili alitakiwa afikapo kidato cha kwanza ajifunze kila somo kwa Kiingereza isipokuwa Kiswahili chenyewe, akifundishwa na mwalimu ambaye naye alijifunza kwa njia hiyo hiyo. Tulichokifanya, na nadhani kila mwalimu wa shule ya kata atakubaliana nami, ni kuandika maelezo ubaoni kwa Kiingereza, kuyafafanua kwa Kiswahili mlango ukiwa umefungwa, na kuwaamuru wanafunzi wayakariri. Siku moja nilimwomba kijana mmoja, fundi mzuri wa kushona magunia, anieleze kwa maneno yake mwenyewe jinsi ukungu unavyoshambulia viazi. Alinieleza kwa Kiswahili kwa dakika kumi, akataja unyevu, majira, rangi ya madoa na dawa, kwa usahihi ambao bwana shamba angeufurahia. Kwenye mtihani wa baiolojia, katika swali linalofanana na hilo, aliandika mstari mmoja usioeleweka.

Ukubwa wa jambo lenyewe ulinishangaza. Nchi nzima ilikuwa na wanafunzi wa sekondari takriban 524,000 mwaka 2005. Mwaka 2009 walikuwa wamevuka 1,400,000. Mwalimu wa shahada hupatikana kwa miaka mitatu akiwa chuoni, na kabla ya hapo anahitaji kuwa amepita kidato cha sita, huku chumba cha darasa, kama wananchi wana hasira ya maendeleo, kikikamilika kwa miezi minne. Serikali haikulala kabisa: Sekondari ya Mkwawa, Iringa, iligeuzwa mwaka 2005 kuwa chuo kikuu kishiriki cha elimu chini ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, hasa kwa ajili ya kuziba pengo la walimu. Lakini walimu wa kwanza wa Mkwawa walikuwa bado mihadharani wakati wanafunzi wetu wa kwanza walipokuwa tayari madarasani wakiwasubiri.

Februari 2013 yalitangazwa matokeo ya kidato cha nne ya mwaka 2012, na asilimia 60 ya watahiniwa nchini walipata daraja sifuri. Kwetu ilikuwa mbaya zaidi. Waziri Mkuu aliunda tume, na mwezi Mei matokeo yalifutwa na kupangwa upya kwa viwango vingine, hivyo baadhi ya sifuri zikawa daraja la nne. Mimi nakumbuka zaidi Jumatatu iliyofuata tangazo lile la kwanza. Mzee mmoja, mmoja wa waliobeba mawe tangu siku ya kwanza ya ujenzi, alikuja shuleni na kuketi kwenye ngazi hadi nilipotoka darasani.

"Ndaga, mwalimu," aliniamkia, kisha akanyamaza kidogo. "Mimi nilileta mawe. Nilileta mchanga. Nilileta na mtoto. Amerudi na sifuri. Sasa mwalimu, wewe ulileta nini?"

Nilianza kumweleza kuhusu upungufu wa walimu, vitabu, ruzuku ya shilingi 25,000 kwa mwanafunzi ambayo haikufika yote. Alinisikiliza kwa adabu hadi mwisho, akaniaga, akaondoka.

Mwaka uliofuata, 2014, tuliagizwa kwamba kila sekondari ya kata iwe na maabara tatu, za fizikia, kemia na baiolojia, ifikapo Novemba. Mzee yule alileta mawe tena. Maabara zilisimama, nyingine kwa miaka mingi bila bomba la maji wala gesi wala mwalimu wa fizikia, na yetu moja tuliifanya ghala la mahindi ya chakula cha mchana.

Ingekuwa rahisi kuishia hapo na kusema shule za kata zilikuwa kosa. Siwezi kusema hivyo. Mwaka 2021 nilipougua kichomi nilipelekwa kituo cha afya, na muuguzi aliyenipokea alinitazama, akacheka, akasema, "Shikamoo mwalimu, tutafika huko." Alikuwa yule msichana wa kidato cha tatu. Alipata daraja la tatu, akasoma uuguzi, na sasa alikuwa akinipima shinikizo la damu umbali wa kilomita sita kutoka nyumbani kwao. Kabla ya shule ya kata hakuna msichana wa kitongoji chake aliyewahi kufika kidato cha kwanza, kwa sababu sekondari ya karibu ilikuwa ya bweni na baba zao hawakuwa tayari kuwapeleka. Kama tungesubiri walimu wote wakamilike ndipo tujenge, yeye angekuwa ameolewa na miaka 15. Nimeligeuza jambo hili kichwani mara nyingi. Sidhani kwamba tulitakiwa kusubiri. Nadhani tulitakiwa kuhesabu walimu siku ileile tuliyohesabu tofali, na kuwatengea fedha kwa ukali uleule tuliomfuata nao mwananchi asiyetoa tofali.

Januari 2016 ada na michango vilifutwa hadi kidato cha nne. Kuna jambo moja ninalolisifu bila kusita: fedha za kuendesha shule zilianza kuja kila mwezi moja kwa moja kwenye akaunti ya shule, kitu ambacho hatukuwahi kukiona. Lakini mke wangu, aliyekuwa akifundisha darasa la kwanza, alipokea watoto 143 katika chumba kimoja mwezi ule, na wazazi waliokuwa wakileta mahindi ya uji wakasema elimu ni bure, mahindi ya nini. Na kipindi hichohicho ajira za walimu zilisimama kwa muda, wakati Serikali ikihakiki watumishi hewa na vyeti vya kughushi. Uhakiki ulikuwa wa lazima. Mwaka 2017 watumishi 9,932 walibainika kuwa na vyeti vya kughushi, na walimu wakiwamo. Hata hivyo darasa la watoto 143 halikuhakikiwa.

Siku moja nikitoka Mwanjelwa kwenda Uyole nilipanda bajaji. Dereva alikataa nauli yangu. Alikuwa mwanafunzi wetu, kisha akasoma Mkwawa, shahada ya ualimu wa fizikia na hisabati, kwa mkopo wa Bodi ya Mikopo. Alikuwa na miaka mitatu barabarani akisubiri ajira. Shule niliyokuwa nikirudi kuifundisha ilikuwa na mwalimu mmoja wa fizikia kwa vidato vyote vinne. Nchi ilikuwa imemtafuta mwalimu, ikamsomesha, ikamkopesha, ikampata, kisha ikamwacha aendeshe abiria kati ya Mwanjelwa na Uyole. Kwa mara ya kwanza boma na mwalimu vilikuwapo kwa wakati mmoja, vikitenganishwa na kibali cha ajira tu.

Sasa tuna sera mpya. Ni Sera ya Elimu na Mafunzo ya mwaka 2014, toleo la 2023, ambayo Rais Samia Suluhu Hassan aliizindua Dodoma mapema mwaka 2025. Elimu ya lazima itakuwa miaka kumi, elimu ya msingi itaishia darasa la sita, na sekondari itakuwa na mkondo wa amali, ili kijana atoke na ufundi mkononi. Kwa mtu aliyemwona fundi wa magunia akifeli baiolojia, hili la amali ni habari njema, nami nimelisema waziwazi kila nilipoulizwa. Ila amali inahitaji mwalimu anayejua kuchomelea, kushona, kufunga umeme, kulima kwa vipimo. Na mtu anayejua kuchomelea vizuri pale Soweto mjini Mbeya hupata kwa wiki fedha ambazo hatazikubali kuziacha kwa ajili ya mshahara wa mwalimu mpya.

Mjukuu wangu alikuwa darasa la tatu mwaka 2024, mtaala mpya ulipoanza. Atamaliza darasa la sita mwaka 2027. Dada yake, aliyekuwa darasa la nne mwaka huohuo, yuko kwenye mfumo wa zamani na atamaliza darasa la saba mwaka huohuo wa 2027. Januari 2028 wote wawili wataingia kidato cha kwanza pamoja, na hivyo ndivyo itakavyokuwa katika kila nyumba nchini yenye watoto wa umri huo: madarasa mawili kwa mlango mmoja.

Tulikuwa na mkutano wa kijiji kuhusu jambo hilo. Mtendaji wa kata alisoma idadi ya vyumba vinavyohitajika, mifuko ya saruji, tripu za mchanga, na tofali kwa kila kaya. Nilinyoosha mkono, nikamuuliza wanahitajika walimu wangapi, na wa masomo gani. Alipekua karatasi zake upande wa mbele na wa nyuma. Alikuwa kijana mstaarabu, naye akanijibu kwamba hilo liko ngazi ya juu, ila kwa kuwa mzee wetu ni mwalimu na anazifahamu shule, anapendekeza aingizwe kwenye kamati ya ujenzi. Watu walipiga makofi. Nimepewa jukumu la kuhesabu tofali, na nimekwisha kununua daftari.